Usiwafunze kila kitu Jumamosi moja

Nafunza vijana wanaoajiriwa kwenye maduka ya M-Pesa, wengi wao Githurai na Kayole. Wenye maduka huniomba jambo lile lile: kusanya watu Jumamosi, wamalizie kila kitu kabla ya saa kumi, Jumatatu waingie kazini. Siku hizi nakataa, na wewe unayepanga mafunzo nakushauri ukatae.

Tatizo hili ni la zamani. Mwaka 1885 Mjerumani Hermann Ebbinghaus alichapisha majaribio aliyojifanyia mwenyewe: alikariri silabi zisizo na maana, kisha akapima zilivyomtoka kichwani. Nyingi zilipotea mapema mno, lakini kurudia kwa vipindi vilivyoachana kulisaidia. Mwaka 2006, huko Marekani, Roediger na Karpicke walionyesha kwamba wanafunzi waliosoma kifungu kisha wakajikumbusha bila kukiangalia walikumbuka mengi zaidi baada ya wiki kuliko waliokisoma tena na tena. Ajabu ni kwamba baada ya dakika tano, waliorudia kusoma ndio walioongoza. Ndiyo maana Jumamosi jioni kila mtu huenda nyumbani ameridhika, mwenye duka akiwemo.

Basi nikifika kwa habari ya wakora, sianzi na maelezo. Nampa mmoja simu yenye ujumbe wa mteja aliyetoa pesa, naye "mteja" amesimama hapo, ana haraka, matatu inamwacha. Ujumbe una jina, kiasi, hata salio. Ila umetumwa na namba ya kawaida, na salio halilingani na floti, yaani pesa ya duka iliyo kwenye simu. Wengi huanza kuhesabu noti. Hapo nauliza: "Umeangalia nini?" Kimya. Sasa nikieleza, wanasikiliza kwa masikio yote mawili.

(Na yule anayekuambia ugawe watu kuwa wanaojifunza kwa kusikia na wanaojifunza kwa kuona, mpuuze. Pashler na wenzake walipitia tafiti za mgawanyo huo mwaka 2008 wasione ushahidi wa kutosha.)

Badala ya siku nzima, omba saa mbili Jumamosi, halafu dakika kumi asubuhi kabla duka halijafunguliwa, mara moja kila wiki. Maswali matatu yanatosha: mawili ya zamani, moja jipya, bila daftari. Mwenye duka anaweza kuyauliza mwenyewe huku akikagua floti.