Maswali ya wasomaji: Tozo za barabara Marekani, hesabu inapigwaje kabla hamjawasha gari

SWALI: Shikamoo mhariri. Sisi ni familia ya Chicago, tunaenda harusi ya mdogo wetu Jersey City mwezi ujao, gari moja la siti saba, watu wazima wanne na watoto. Kwenye grupu la mchango tumekubaliana mafuta na tozo tugawane, mimi ndo mweka hazina, sasa kila niliyemuuliza ananitajia namba yake. Kaka mmoja aliyeenda Philadelphia kanitajia hela ya kutisha, shemeji anasema hata dola hamsini hafikishi, binti yangu kaangalia kwenye simu kapata namba nyingine kabisa. Niweke ngapi?
Dada Mweka Hazina, Chicago

JIBU: Marahaba dada. Hao wote watatu wanaweza kuwa wanasema kweli, na hapo ndipo watu wengi wanapochanganyikiwa, maana tozo za Marekani hazina bei moja ya safari, bei inatokana na vitu vitatu: umepita barabara ya nani, unalipa kwa njia gani, na gari lako lina ekseli ngapi, yaani mistari mingapi ya magurudumu toka mbele hadi nyuma. Aliyekaa Nairobi anaijua habari hii kwa udogo, Expressway ya Mlolongo hadi Westlands nayo inahesabu aina ya gari na ulikoingilia na ulikotokea, ila pale mwenye barabara ni mmoja, huku kwenye safari yako moja utakutana na wenyewe kadhaa na kila mmoja ana bei zake na siku yake ya kupandisha.

Tuanze nyumbani kwako. Ukitoka Chicago mjini, simu itapenda kukupitisha Chicago Skyway, barabara ya juu ya kama maili 8 hivi ambayo jiji liliikodisha kwa kampuni binafsi mwaka 2005 kwa miaka 99, na gari dogo pale ni zaidi ya dola 7 kwa hicho kipande tu. Ukikivuka unaingia Indiana Toll Road, nayo imekodishwa, 2006, miaka 75. Halafu Ohio Turnpike, hiyo ni ya jimbo, maili 241 mpaka mpaka wa Pennsylvania. Indiana na Ohio, kila moja ukiipita yote kwa gari dogo lenye tagi, kile kifaa cha kwenye kioo kinachosomwa barabarani na tozo ikakatwa kwenye akaunti yako, ni dola kumi na kitu. Jumlisha hapo utaona shemeji yako hakukosea, kwa tagi kwenda tu mnakaa chini ya dola 50.

Sasa kaka wa Philadelphia. Yeye lazima aliendelea na Pennsylvania Turnpike, barabara ya tangu 1940, ambayo kwa bei ni mojawapo ya kali kabisa nchi hii, na kuna sababu: mwaka 2007 jimbo lilipitisha sheria inayoilazimisha barabara ile ichangie mabilioni kwenye usafiri wa jimbo zima, ikabidi ikope, na kuanzia 2009 bei imekuwa ikipanda mwaka baada ya mwaka. Pale hakuna tena mtu wa kupokea hela tangu 2020, ni kamera na tagi. Asiye na tagi anapigwa picha namba za gari, bili inatumwa nyumbani, na bei hiyo ya picha ni takribani mara mbili ya bei ya tagi. Ukiipita mwanzo hadi mwisho bila tagi unalipa zaidi ya tenki zima la petroli, sitanii. Kama kaka hakuwa na tagi basi hiyo namba ya kutisha ni yake halali.

Lakini nyie hamuendi Philadelphia, mnaenda Jersey City, na hapa ndo penye nafuu. Mkiwa Ohio Turnpike, karibu na Youngstown, kwenye njia ya kutokea (exit) namba 218, barabara ya I-80 inaachana na Turnpike. Turnpike inaendelea kwa jina la I-76, nyie fuateni I-80. Hiyo inakata Pennsylvania yote, maili 311, bila senti. Jimbo lilitaka kuiwekea tozo miaka ile, serikali ya shirikisho ikakataa, mara ya mwisho 2010. Milima mingi na malori mengi, na usiku ukungu, lakini bure. New Jersey mnaendelea na I-80 halafu I-280 mpaka Newark, hapo Jersey City ni jirani tu, na hamna haja ya kugusa New Jersey Turnpike kabisa.

Kurudi kuna kitu kidogo watu wanasahau kwenye hesabu. Madaraja makubwa ya kuingia New Jersey kutoka majimbo jirani hayatozi, yanatoza ukitoka. Daraja la Delaware Water Gap kwenye I-80 mnapita bure mkienda, mkirudi upande wa Pennsylvania mnalipa, sio hela kubwa lakini iandike. Na upande wa New York ni hivyohivyo, Holland Tunnel na George Washington Bridge wanatoza wanaoingia New York tu. Kwa hiyo usichukue tozo za kwenda ukazidisha mara mbili ukadhani umemaliza, chora kwenda peke yake na kurudi peke yake.

Na najua mtu kwenye gari atasema twende Manhattan tukapige picha. Holland Tunnel saa za msongamano ni zaidi ya dola 15 hata kwa tagi, na toka Januari 2025 gari dogo likiingia Manhattan chini ya mtaa wa 60 mchana linalipa dola 9 nyingine, bila tagi 13.50, japo mwenye tagi aliyepita tunnel anapunguziwa dola 3. Bado parking, ambayo hiyo sitaki hata kuizungumzia. Acheni gari Jersey City pandeni treni ya PATH, mweka hazina usikubali kushawishiwa hapa.

Basi fanya hivi. Kama hamna I-PASS, tagi ya Illinois, chukueni sasa hivi msisubiri wiki ya safari, hiyo I-PASS ndiyo inasomeka kwenye mtandao wa E-ZPass, yaani Indiana, Ohio, lile daraja, tunnel, kote. Hakikisha namba za gari mtakalosafiria zimeandikwa kwenye akaunti. Kisha fungua tovuti ya kila barabara, Skyway, Indiana, Ohio, kila moja ina sehemu ya kupiga hesabu, unaweka unapoingilia na unapotokea, ekseli mbili, malipo ya tagi. Ongeza lile daraja la kurudi, weka na akiba kidogo. Binti naye yuko sawa, Google Maps inaonyesha makadirio ya tozo tangu 2022, ila iangalie kama imewekwa "nina tagi" au "sina", tofauti ya namba yake na yako huenda ni hiyo tu.

Mkitaka kubana zaidi, Skyway inakwepeka, mnashuka na I-94 mpaka mnaungana na I-80/94 ya kupita Hammond na Gary, bure, halafu mnaingia Toll Road kule Lake Station. Mimi binafsi ningefanya hivyo kama naondoka alfajiri, jioni hapana, malori ya pale yatawapotezea saa nzima na hela mliyookoa itaisha kwenye vitafunwa vya watoto.

Jambo la mwisho kwako kama mshika hela: akaunti ya tagi ikishuka inajichotea yenyewe kutoka kwenye kadi, mfano dola 20 kwa mkupuo, kwa hiyo usigawane kwa kuangalia meseji za benki, zitakuonyesha kiasi kilichochotwa na sio tozo mliyopita. Ingia kwenye akaunti, toa taarifa ya siku hizo, ile ndo ya kuweka kwenye grupu. Na baadhi ya tozo huchelewa kuonekana siku kadhaa, usifunge hesabu Jumatatu mmerudi Jumapili.

SWALI: Tunahama kutoka Portland, Maine kwenda Baltimore, nimekodi lori kubwa la kuhamia la futi 26 na nyuma yake tutavuta gari letu kwenye trela. Tozo itakuwa ya lori au ya gari?
Baba Aline, Maine

JIBU: Ya lori, mzee, na trela inakuongezea ekseli. Sehemu nyingi wanahesabu ekseli zote zinazogusa chini, lako na la trela, na wengine kama wenye madaraja ya New York na New Jersey wanaangalia hadi tairi za nyuma, zikiwa mbilimbili kila upande wewe ni lori hata kama leseni yako ni ya kawaida. Kwa hiyo njia ya I-95 ya kupita New York City kwa mzigo huo ni kujitafutia ugonjwa wa moyo.

Njia ya madereva wa malori ni hii: Maine Turnpike unalipa, New Hampshire pale Hampton unalipa, Massachusetts zunguka na I-495 na I-290, unaingia Mass Pike kipande kifupi cha Auburn hadi Sturbridge unalipa kidogo, halafu I-84. Connecticut haina tozo. I-84 ikivuka mto Hudson kule Newburgh wanatoza wanaoelekea mashariki, wewe unaelekea magharibi, unapita. Scranton shika I-81 hadi Harrisburg, I-83 mpaka Baltimore. Kuanzia Sturbridge hujalipa kitu. Ni ndefu kidogo kuliko I-95 lakini ukipima na mafuta na tozo za lori na presha ya mjini, mimi nisingejiuliza mara mbili.

Muulize aliyekukodisha lori, kabla hujasaini, tozo za picha wanazishughulikiaje, maana bili inaenda kwa mwenye namba za gari, yaani wao, nao wanakuletea pamoja na ada yao juu. Na tafadhali usitumie ramani ya gari dogo, itakupeleka kwenye parkway za Connecticut na New York ambako malori hayaruhusiwi na madaraja ya kupita chini yake yako chini mno, kila mwaka kuna lori la kuhamia linachunwa paa.

SWALI: Niliazima gari la jirani tukaenda Ohio, sasa nimepata meseji kwenye simu yangu eti nadaiwa tozo dola chache, nisipolipa leo kwenye linki napelekwa mahakamani. Nalipa?
Kijana wa Louisville

JIBU: Usibonyeze! Fikiria kidogo, gari ni la jirani, namba za gari ni za jirani, wamepata wapi simu yako? FBI ilishatoa onyo kuhusu meseji hizi Aprili 2024, walikuwa wamepokea malalamiko zaidi ya 2,000 ndani ya wiki chache, na hela inayotajwa huwa ndogo makusudi ili ulipe bila kufikiri, wanachotaka ni namba ya kadi. Futa.

Ila deni la kweli linaweza kuwepo, na hilo litakuja kwa posta, kwa jirani. Mwambie mapema akuletee ikifika, ulipe kwa tovuti ya barabara yenyewe uliyoiandika kwa mkono wako. Na wewe pamoja na wote mliohama jimbo hivi karibuni, badilisheni anwani kwenye usajili wa gari, bili ikizunguka kwenye nyumba ya zamani miezi miwili mitatu inakuja na faini zake, na kuna majimbo yatakuzuia ku-renew usajili mpaka ulipe.

SWALI: Natoka Dar kumtembelea dada, nashukia Orlando nakodi gari, tunakaa siku chache halafu nampeleka Atlanta, na gari naliacha huko. Nimezoea daraja la Kigamboni, unasimama unalipa unapita. Huko nasikia hakuna wa kumlipa?
Msafiri, Temeke

JIBU: Mara nyingi hakuna, karibu Florida. Barabara za Orlando zimejaa tozo na kampuni ya kukodisha itakuuzia mpango wake wa tozo, mara nyingi ni ada ya kila siku hata siku ambayo hujapita popote, soma kabla hujakubali. Pale pale uwanja wa ndege wa Orlando kuna Visitor Toll Pass, kitagi cha kuning'iniza kwenye kioo, ni bure, unajisajili kwa simu na kadi yako ya benki, unalipa bei ya tagi kwa tozo ulizopita tu, ukimaliza unakirudisha kwenye boksi uwanjani. Kama gari lina tagi yake ya kampuni kwenye kiboksi kioo cha mbele, kifunge, usije ukalipa mara mbili.

Kwenda Atlanta tozo ni kidogo, kipande cha Florida Turnpike mpaka Wildwood, pale unaungana na I-75 na kuanzia hapo ni bure mpaka Atlanta. Ukikaribia mjini utaona leni maalumu za Peach Pass, tagi ya Georgia, tupu zinavutia, bei yake inapanda na foleni na hicho kitagi cha Orlando hakisomeki kule, bila tagi inayokubalika kuingia ni kosa lenye faini. Baki leni za kawaida na foleni yako. Na kwa kuwa gari unaliacha Atlanta, kitagi kishushe Orlando kabla hamjaondoka, ila ukishakishusha hicho kipande cha Turnpike kitahesabiwa kwa picha, kwa hiyo au uulize kampuni ya gari wanatoza vipi, au utoke Orlando kwa I-4 mpaka Daytona ushike I-95 hadi Jacksonville na I-10 kurudi I-75, bure yote, ni kuzunguka lakini na wewe si umekuja kutembea.