Wasomaji Wauliza: Wilfred, Gertrude na Majina ya Kale ya Kigermaniki

SWALI: Mhariri, salamu. Mke wangu amejifungua mtoto wa kiume na wazee wameamua arithi jina la babu yangu, aliyebatizwa Wilfred. Dada yake babu aliitwa Gertrude. Nimesoma kwenye intaneti kwamba Wilfred maana yake ni "apendaye amani" na Gertrude ni "mkuki wenye nguvu", lakini shangazi anashikilia kwamba hayo ni majina ya kanisa tu, hayana maana yoyote. Nani amesema kweli?
Msomaji, Frere Town, Mombasa

JIBU: Ndugu msomaji, hongera kwa mtoto, Mungu amkuze. Majina yote mawili yana maana, ila maana yenyewe haikai pale inapotafutwa na wengi.

Watu wa Ulaya ya kale waliosema lugha za Kigermaniki (jamii ya lugha zenye Kijerumani na Kiingereza), yaani Wafranki, Wasaksoni, Wagothi na jamaa zao, waliunda jina kwa kuunganisha maneno mawili kutoka katika akiba maalumu ya maneno ya heshima: vita, amani, umaarufu, utawala, mkuki, kofia ya chuma, dubu, mbwamwitu. Wilfred ni "wil", yaani nia au matakwa, pamoja na "frid", amani; Gertrude ni "ger", mkuki, pamoja na "trud", nguvu. Mpaka hapo ulichosoma ni sawa. Kosa huingia pale vipande viwili vinapolazimishwa kuwa sentensi.

Sisi wa pwani tukisema Mwanajuma, vipande vyake vinakubaliana na kutoa maana moja, binti aliyezaliwa Ijumaa. Kwa watu wale haikuwa lazima iwe hivyo. Malkia mmoja wa Wafranki, aliyefariki mwaka 597, aliitwa Fredegund, jina lenye "amani" na "vita" kwa pamoja, na kulikuwa na jina Hildegund, ambalo vipande vyake vyote viwili maana yake ni vita. Majina ya namna hii hayatafsiriki kwa jumla, kwa sababu wazazi hawakuwa wakitunga usemi. Mara nyingi walikuwa wakirithisha.

Na hapa ndipo penye utamu wa jambo lenyewe. Huko Worcester, Uingereza, alikuwako askofu aitwaye Wulfstan, aliyefariki mwaka 1095. Baba yake aliitwa Æthelstan na mama yake Wulfgifu, naye akapewa "wulf", mbwamwitu, kutoka kwa mama, na "stan", jiwe, kutoka kwa baba. Ukimwita "jiwe la mbwamwitu" hujaambulia kitu, lakini ukilisoma jina lake kama wafanyavyo wajuzi wa nasaba, unawaona wazazi wake wote wawili ndani yake. Vivyo hivyo katika shairi moja la kale la Kijerumani, babu ni Heribrand, baba ni Hildebrand na mwana ni Hadubrand.

Shangazi naye ana sehemu yake ya ukweli, kwani majina haya yalidumu kwa sababu ya watakatifu: Wilfrid, askofu wa Kiingereza wa karne ya 7, na Gertrude wa Nivelles, katika Ubelgiji ya leo, aliyefariki mwaka 659. Makanisa yalipofika pwani yetu, majina yalikuja nayo. Kwa hiyo usimtafutie mwanao sentensi katika jina lake. Mwambie vipande viwili vina maana gani, kisha mwambie ni la babu yako, kwani wenye jina wa kale nao wangeanza na hilo la pili.

SWALI: Je, Ludwig, jina la yule mmisionari Krapf aliyefika Mombasa mwaka 1844, lina uhusiano wowote na Louis la Kifaransa?
Msomaji, Likoni

JIBU: Ni jina lile lile. Asili yake ni "hlud", maarufu, na "wig", vita. Clovis, mfalme wa Wafranki aliyefariki mwaka 511, alikuwa nalo katika umbo la kale la Chlodovech. Sauti ya mwanzo ilipodondoka na maandishi ya Kilatini yakaliandika Ludovicus, Wafaransa walilifupisha wakapata Louis, Wahispania wakapata Luis, na Wajerumani wakabaki na Ludwig.