Pitisha uchawi kwenye mabomba

Kwa ajili ya hadithi yako ya kubuni, umeuliza namna ya kufikisha nguvu ya kichawi kutoka kisima cha mlimani hadi miji sita, bila ionekane ni umeme uliobadilishwa jina. Achana na nyaya, angalia mabomba. London ilikuwa na kampuni iliyouza maji yenye shinikizo kubwa, kuanzia miaka ya 1880 hadi 1977. Si ya kunywa hayo: yalipandisha lifti za hoteli, yakaendesha kreni za bandarini na hata mapazia ya kumbi za maonyesho. Paris nayo ilisukuma hewa kwenye mabomba chini ya barabara, na kila dakika pumzi moja ikasogeza mishale ya saa za mitaani. Mafuriko ya mto Seine ya Januari 1910 yalipozima mitambo, saa hizo zikagoma kwa pamoja. Hapo ndipo penye hadithi, ndugu yangu.

Sasa weka uchawi wako humo, na uvuje. Kwenye mtaa wenye kiungio kilicholegea kuku wanataga mayai yanayong'aa, na wenyeji wanaficha ili fundi asije kuziba. Mji wa mwisho kwenye bomba unaambulia mabaki, kwa hiyo umejenga tangi lake na unalijaza usiku wenzao wakiwa wamelala. Koki kuu anaishika nani? Mimi ningelijibu hilo kabla ya kuchora ramani. Na tafadhali, fuwele zinazoelea angani zimetosha.