Kabla ya Kupima Uzito wa Wajibu, Mtafute Mdai

Katika kusahihisha insha za wanafunzi wa mwaka wa kwanza wa falsafa ya maadili, sentensi ninayokutana nayo kuliko nyingine yoyote ni hii: "Kila mtu ana wajibu wa kuisaidia jamii." Haina kosa la sarufi, wala hakuna atakayeinuka kuipinga, na huenda hilo ndilo tatizo lake. Ukimuuliza aliyeiandika ni nani hasa anayedai msaada huo, nani ana mamlaka ya kumwambia kwamba alichotoa kinatosha, na nani atakuwa amedhulumiwa endapo hatatoa chochote, mara nyingi hukosa jibu, kwa sababu alikuwa amekimbilia kupima uzito wa wajibu kabla ya kujua ni wa kumlipa nani. Wewe unayeanza somo hili, au unayeanza kazi ambayo itakutaka kila siku uamue lipi lililo wajibu wako na lipi si lako, ningependa ushike jambo moja tu kwa sasa: mtafute mdai kwanza. Maswali mengine mengi hupungua ukali mdai akishajulikana.

Kuna utofautishaji mmoja wa kuuondoa njiani mapema. Mtu aliyeelekezewa bastola akatoa fedha zake amelazimika kuzitoa, lakini hakuwa na wajibu wa kuzitoa. H. L. A. Hart, mwanafalsafa wa sheria wa Uingereza, aliutumia mfano huu mwaka 1961 kuonyesha kwamba nguvu peke yake haizai wajibu hata ikitisha kiasi gani. Kinyume chake pia ni kweli, kwani mtu anaweza kuwa na wajibu ambao hakuna awezaye kumshurutisha autimize, na ukabaki wajibu. Ukilielewa hilo, endelea mbele. Wanafunzi wengi hukwama hapa wakijadili adhabu na vitisho kurasa nzima, na kusema kweli hapana mengi ya kuchimba.

Penye mengi ni kwenye ahadi, na ninashauri uanzie huko kwa sababu ndiko mdai anakoonekana waziwazi. Wahenga walisema ahadi ni deni, nasi huikariri methali hiyo bila kuifuata hadi mwisho wake. Deni lina mwenyewe. Mwenyewe anaweza kulidai, anaweza kulisogeza mbele, na anaweza kulisamehe, na mambo yote matatu yako mikononi mwake, si mikononi mwa mdaiwa wala mwa mtu wa tatu mwenye busara zake. Chukua mfano wa kawaida wa kazini. Mwenzako amekuomba uisome ripoti yake kabla ya kikao cha Alhamisi saa nne asubuhi, nawe umekubali. Jumatano jioni mtoto wako anapata homa kali na usiku mzima unaupitisha hospitalini. Hakuna mtu mwenye akili timamu atakayesema ulipaswa kumwacha mtoto ukasome ripoti. Je, ule wajibu kwa mwenzako umekwenda wapi?

Jibu linalowajia wengi haraka ni kwamba umefutika. Mwanafalsafa wa maadili W. D. Ross, katika kazi yake ya mwaka 1930, alifundisha kulitazama jambo hili kwa namna nyingine: kila ahadi, kila fadhila tuliyotendewa na kila madhara tuliyosababisha hutupa wajibu wa awali, yaani sababu ya kweli ya kutenda ambayo inaweza kuzidiwa nguvu na sababu nyingine bila kutoweka. Wajibu wako kwa mtoto uliuzidi wajibu wa ripoti, haukuuondoa. Ushahidi upo katika yale unayotakiwa kuyafanya Alhamisi asubuhi. Unatakiwa kumpigia mwenzako kabla ya kikao, si baada yake, ili apate nafasi ya kujipanga. Ukiwa umeshasoma kurasa kumi za mwanzo, unatakiwa kumweleza ulichokiona humo. Unatakiwa kumtaka radhi, na radhi hiyo si adabu ya mdomoni tu, kwa kuwa ingekuwa adabu tupu, kuiacha kusingemuumiza kama kunavyomuumiza. Angalia pia ni nani mwenye uwezo wa kukwambia, "Usijali, yameisha." Mkuu wa idara anaweza kukuhurumia, na anaweza hata kuahirisha kikao, lakini hawezi kukusamehe kwa niaba ya mwenye ripoti. Mwanafunzi akiweza kuandika ukurasa mmoja juu ya asubuhi hiyo pasipo kuteleza, huwa nampa alama nzuri kuliko aliyenipitishia majina kumi ya wanafalsafa.

Mfano huohuo ukiusogeza kidogo unafundisha jambo ambalo hata waandishi wazoefu hulichanganya: anayenufaika na wajibu si lazima awe ndiye mdai wake. Hart, katika makala ya mwaka 1955, alimtaja mtu anayemwahidi mwenzake kwamba atamtunza mama yake mzee atakapokuwa safarini. Anayetunzwa ni mama, lakini aliyepewa ahadi ni mwana, na ndiye mwenye uwezo wa kuiachilia. Mama anaweza kuwa na madai yake mwenyewe kwa misingi mingine, kama vile haki ya kutotelekezwa akiwa hoi, ila hayo hayatokani na ile ahadi. Unapoandika kuhusu wauguzi, walimu, mawakili au wasimamizi wa mali za yatima, chora kwanza mstari kati ya anayenufaika na anayedai, kwa sababu kuna nyakati watu hao wawili watataka mambo yanayopingana.

Halafu kuna ahadi aliyopewa mtu ambaye sasa ni marehemu. Mdai hayupo, na kwa hesabu ya haraka ungesema deni limekwenda naye. Uzoefu wa wanadamu unasema kinyume: ahadi iliyotolewa kwa mtu anayekata roho huhesabiwa miongoni mwa zile nzito kabisa. Kwa maoni yangu uzito huo hautokani na woga wa wafu, bali na jambo la kawaida zaidi, kwamba yule aliyekuwa na uwezo pekee wa kukuachilia hawezi tena kufanya hivyo. Mazingira yanaweza kubadilika hata utekelezaji ukawa haramu au wenye madhara, na hapo wajibu mwingine utauzidi; lakini hutampata wa kukwambia usijali.

Ukitoka kwenye ahadi ukaingia kwenye uraia, mdai anaanza kujificha. Ni nani anayekudai kodi, kura, ushahidi mahakamani, utii kwa sheria usiyoipenda? Jibu la kale ni la Socrates, mwanafalsafa wa Ugiriki ya kale, aliyehukumiwa kifo Athens mwaka 399 kabla ya Kristo. Katika masimulizi ya mwanafunzi wake Plato, rafiki yake Crito anamshauri atoroke gerezani, naye anazipa sheria za mji sauti, zikaja mbele yake kama wadai wenye hati mkononi: zilimlea, zilimsomesha, na kwa kubaki mjini miaka yote hiyo alikuwa amekubaliana nazo. Mwanafalsafa wa Kiingereza John Locke, mwaka 1689, aliishika hoja ya ridhaa akaipanua hadi kwa msafiri anayepita tu barabarani. David Hume, mwanafalsafa wa Uskoti, akaijibu mwaka 1748 kwa mfano usiosahaulika. Kusema kwamba mtu maskini ameridhia utawala kwa sababu hajaondoka nchini, alisema, ni sawa na kusema kwamba mtu aliyepakiwa melini akiwa usingizini ameridhia mamlaka ya nahodha, ilhali njia yake pekee ya kuondoka ni kujitosa baharini.

Hume alishinda raundi hiyo, kwa maoni yangu, na ninakushauri usitumie nguvu nyingi kuifufua ridhaa ya kimyakimya. Njia iliyo na uhai zaidi ni ile ya haki ya kutendeana kwa usawa, ambayo Hart aliidokeza katika makala ileile ya 1955 na mwanafalsafa wa Marekani John Rawls akaiendeleza. Watu wanapojinyima kitu kwa kufuata kanuni za mradi wa pamoja, nawe ukafaidi matunda ya kujinyima kwao, wao ndio wanaokudai ujinyime zamu yako ikifika. Robert Nozick, naye mwanafalsafa wa Marekani, aliipinga hoja hiyo mwaka 1974. Fikiria, alisema, mtaa wenye watu wazima 364 mbali na wewe, walioamua kuendesha kipaza sauti cha burudani, kila mmoja kwa siku moja ya mwaka. Umesikiliza na kufurahi ukiwa ndani kwako. Je, siku yako ikifika una wajibu wa kuacha shughuli zako ukakiendeshe? Wengi husema hapana, na ni jibu la haki. Lakini barabara, mahakama na maji safi si burudani iliyorushwa dirishani mwako bila kuiomba, na mtu anayevitumia kila siku huku akikwepa mchango wake huwaacha wengine wabebe sehemu yake. Hapo hoja ya Nozick hupungua nguvu, ingawa haifi.

Tazama kinachofuata kiutendaji mdai wa uraia akijulikana. Kama wadai wa kodi ni raia wenzako, basi mtoza kodi ni mkusanyaji tu, na afisa anayekupunguzia kodi kwa upendeleo hajakusamehe chochote, kwa kuwa anagawa deni la watu wengine. Kadhalika anayevunja sheria kwa kuwa anaiona ni dhalimu hafanani na mkwepaji. Martin Luther King, aliyepigania haki za Wamarekani Weusi, katika barua aliyoiandika jela mjini Birmingham, Marekani, mwaka 1963, alisisitiza kwamba sheria kama hiyo ivunjwe hadharani na mvunjaji awe tayari kupokea adhabu. Mkwepaji huwakimbia wadai wake. King aliwageukia na kuzungumza nao.

Hata nyaraka za kimataifa zinasomeka vizuri zaidi kwa swali hili. Tangazo la Haki za Binadamu la mwaka 1948 lina vifungu 30, na wajibu wa mtu unatajwa moja kwa moja katika kifungu cha 29, ukielekezwa kwa jumuiya. Mkataba wa Afrika wa Haki za Binadamu na Watu, uliopitishwa mwaka 1981, unautengea wajibu vifungu vitatu, cha 27 hadi cha 29, na kile cha kwanza kinaanza kwa kuwataja wadai: familia na jamii, dola na jumuiya nyingine zinazotambuliwa kisheria, pamoja na jumuiya ya kimataifa. Wapo wanaohofu kwamba kuitaja dola katika orodha hiyo kunaweza kuwapa watawala kisingizio, na hofu hiyo si ya kupuuzwa, kwa sababu dola ni mdai mwenye polisi.

Katika maisha binafsi mambo hugeuka tena. Wanaoanza hupenda kuandika kwamba watoto wana deni kwa wazazi. Mwaka 1979 mwanafalsafa Jane English alidai kwamba lugha ya deni haifai hapo, kwa kuwa mzazi alijitolea kwa upendo na hakukopesha, hivyo yanayotakiwa kwa mtoto mtu mzima hutokana na upendo na urafiki uliopo kati yao. Ninakubaliana naye nusu. Ni kweli kwamba aliyetenda wema akaenda zake hajaweka rehani, na mzazi anayetoa orodha ya gharama za malezi ameharibu kitu. Lakini shukrani si hisia tu, na mtoto anayemtelekeza mzazi mgonjwa kwa hoja kwamba urafiki wao umepoa ameacha kufanya jambo ambalo mzazi huyo alikuwa na haki ya kulitarajia. Kinachokosekana hapa ni kiwango. Hakuna siku ambayo utasema umemaliza kulipa, na hakuna risiti.

Kuhusu wajibu kwa nafsi yako, utakutana na kitendawili ambacho mwanafalsafa wa Kijerumani Immanuel Kant mwenyewe alikiweka mbele mwaka 1797 kabla ya kujaribu kukitegua: kama mimi ndiye mdai na mdaiwa, si naweza kujisamehe wakati wowote, na wajibu unaosameheka kwa kupenda kwangu ni wajibu gani? Mwanafalsafa Marcus Singer, mwaka 1959, alihitimisha kwamba wajibu wa namna hiyo haupo kabisa, na kwamba tunachokiita hivyo ni busara, au ni wajibu kwa wengine wanaotutegemea. Kant aliona njia ya kutokea katika kututazama kama viumbe wenye pande mbili, upande mmoja ukiwa ni ubinadamu ndani yetu, ambao si mali yetu ya kuuza. Sijashawishika na upande wowote kwa ukamilifu, na mwanafunzi anayekiri kwamba jambo bado limemgawanya hanipi shida, alimradi aonyeshe limemgawanya wapi.

Yapo pia madai yasiyo na mdai maalumu, kama msaada kwa maskini walio mbali. Mwanafalsafa wa Kiingereza John Stuart Mill aliyatenga mwaka 1861 kwa kusema hakuna mtu mmoja mwenye haki ya kukudai sadaka. Mwanafalsafa Peter Singer aliutikisa mstari huo mwaka 1972 kwa mfano wa mtoto anayezama kwenye kidimbwi mbele yako, akauliza umbali unabadilisha nini. Sentensi ya insha niliyoanza nayo inaweza kuokolewa hapa, lakini kwa kazi ya kurasa kadhaa.

Wajibu kwa vizazi vijavyo ni mgumu kuliko wote. Wadai hawajazaliwa, na mwanafalsafa Derek Parfit alionyesha mwaka 1984 kwamba maamuzi yetu makubwa huamua hata ni watu gani watakaozaliwa, hivyo mtu wa kesho hawezi kulalamika kirahisi juu ya uamuzi ambao bila huo asingekuwepo. Mada hiyo usiichague kwa insha yako ya kwanza. Anza na ripoti ya mwenzako na simu ya Alhamisi asubuhi, uandike kurasa mbili, kisha uje tuzungumze.