Saa ya Gemu Imesimama: Majibu kwa Wasomaji

Barua nyingi zilizonifikia safari hii zinauliza jambo moja kwa midomo tofauti: saa iliyomo ndani ya gemu ya mkononi ya zamani imesimama, inachelewa, au inarudi nyuma. Nimechagua chache zenye cha kujibika. Zile zilizoandikwa tu "gemu yangu haishiki saa, nifanyeje?" bila kutaja ni gemu ipi wala kifaa gani nimeziweka kando, kwa sababu mganga hapimi mgonjwa aliyebaki nyumbani.

*Nina kaseti ya Pokémon Gold niliyoachiwa na mjomba. Nikihifadhi mchezo inakubali, lakini nikizima na kuwasha naambiwa nianze upya, na saa nayo haiendi. Je, chipu ya saa imekufa? (Msomaji wa Tabata)*

Chipu ni nzima, ndugu yangu. Iliyokufa ni betri, na kwa umri wa kaseti hiyo haikuondoka mapema. Gold na pacha wake Silver, gemu za kifaa cha Game Boy, zilitoka Japani mwaka 1999, na ndani ya kila moja kuna betri bapa ya CR2025 yenye volti 3 ambayo inalisha walaji wawili. Wa kwanza ni kumbukumbu ya mchezo, ambayo ni ya aina isiyoweza kushika kitu bila umeme. Wa pili ni saa, yenye kristali inayotetemeka mara 32,768 kwa sekunde usiku na mchana, hata kaseti ikiwa imelala kabatini miaka kumi. Ndiyo maana kaseti za Pokémon Red na Blue, ambazo ni kongwe zaidi lakini hazina saa, mara nyingi bado zinahifadhi mchezo wakati Gold za wenzao zimeshakata roho. Walaji hao wawili wanakula sahani moja, kwa hiyo betri ikiisha wanalala njaa pamoja.

Utahitaji bisibisi maalumu ya milimita 3.8, kwa maana parafujo ya kaseti hizo haina mfereji wala msalaba bali ina meno sita pembeni. Usiivunje kwa kisu. Ukishafungua, pima betri kwa mita ya umeme kabla ya kugusa kitu kingine. Wiki iliyopita nilifungua kaseti kama yako, mita ikasoma volti 0.4, na chini ya betri kulikuwa na unga wa kijani uliokwisha kutambaa hadi kwenye mguu wa kristali. Hewa ya chumvi ya pwani yetu haina huruma na shaba. Unga huo niliusugua kwa mswaki wa zamani uliochovywa katika spiriti safi, nikaacha bodi ikauke kabisa, ndipo nikaweka betri mpya. Laiti ningeanza na betri, leo ningekuwa naandika habari nyingine.

Nunua betri ambayo tayari ina vibati viwili vya chuma vilivyounganishwa kiwandani, kisha uchomelee vibati hivyo kwenye bodi kwa risasi iliyoyeyushwa ukiangalia chanya na hasi mara mbili, kwa sababu alama zimechapwa palepale kwenye bodi. Ukiikosa CR2025 yenye vibati, CR2032 ina volti zilezile na akiba kubwa kidogo, ila ni nene zaidi kwa milimita 0.7; ikiwa mfuniko unafunga bila kulazimishwa, itumie. Mfuniko unaobinuka unaikandamiza betri juu ya bodi, nami sitaki kusikia kilichofuata.

*Fundi wa mtaani kwetu alinibadilishia betri ya kaseti. Saa ilikwenda wiki mbili ikasimama. Anasema gemu ni mbovu na anataka nilipe tena. (Msomaji wa Mbagala)*

Usilipe. Fungua kaseti na utazame betri yenyewe. Ukiona donge la risasi limekaa moja kwa moja juu ya uso wa betri, bila kibati, umeshapata jibu lako. Betri ya lithiamu ya aina hii haitakiwi kuguswa na pasi ya moto ya kuyeyushia risasi. Ndani yake kuna utando mwembamba unaotenganisha pande mbili, na joto la kuyeyusha risasi linatosha kuuharibu. Betri iliyoumizwa hivyo huonyesha volti 3 siku ile ile ukiwa umesimama dukani, ikamridhisha mteja na fundi, kisha ikaanza kujila yenyewe ndani kwa ndani. Nyingine huvuja. Nyingine hupasuka usoni mwa aliyeishika.

Mimi mwenyewe niliwahi kupeleka kaseti kwa fundi niliyemwamini, miaka hiyo sikuwa na pasi yangu, nikarudishiwa betri ikiwa imefungwa kwa selotepu. Selotepu! Kwa joto la Dar es Salaam gundi yake ililainika, kibati kikaachia kwa sehemu ya sekunde nilipokuwa ndani ya daladala la kwenda Mwenge, na mchezo wa miezi minne ukapotea kati ya kituo na kituo. Tangu siku hiyo ninalo swali moja ninalomuuliza fundi kabla ya kumkabidhi chochote: betri yako ina vibati au haina? Akicheka, ninaondoka na kaseti yangu.

Jambo la pili ambalo hukuliuliza: betri ilitoka wapi? Zile zinazoning'inizwa juani mbele ya duka, kadi yake ikiwa imepauka, zimekwisha kupoteza sehemu ya nguvu kabla hujazinunua. Soma tarehe kwenye kadi, na kama haipo, nenda duka la jirani.

*Kuna njia ya kubadilisha betri bila kupoteza mchezo uliohifadhiwa? Nimesikia mtu anaweza kuacha gemu ikiwa imewashwa huku kaseti imefunguliwa. (Msomaji wa Sinza)*

Ulivyosikia ni kweli, na ni ujinga vilevile. Mkono ukiteleza mara moja umeunganisha njia mbili zisizopatana kwenye bodi yenye umeme, na hapo hupotezi mchezo tu bali na kaseti. Njia ya mtu mzima ni kunakili kumbukumbu kwenye kompyuta kabla ya kushika bisibisi, kwa kutumia kisomaji cha kaseti kinachochomekwa kwenye tundu la USB. Kumbukumbu nzima ya Gold ni kilobaiti 32, yaani ndogo kuliko picha moja ya simu yako. Ukishaweka betri mpya unairudisha. Lakini fanya hivyo betri ya zamani ikiwa bado hai. Kila mwezi napokea barua ya mtu anayetaka kunakili kumbukumbu ambayo ilishafutika tangu mwaka juzi.

*Shikamoo. Nilianza Pokémon Gold mchana saa nane, nikaweka 8 kwenye saa ya gemu. Sasa kila ikifika adhuhuri gemu inaingia usiku. Betri ni mpya. (Mwanafunzi, Upanga)*

Marahaba, mwanangu. Umenipa furaha, kwa sababu swali lako limekuja na jibu lake mfukoni. Gemu hiyo huingia usiku saa 18:00, yaani saa kumi na mbili jioni yetu. Kwako inaingia adhuhuri, ambayo ni saa 12:00. Tofauti ni saa sita kamili, na saa sita kamili hazijawahi kuwa ubovu wa kristali popote duniani. Ulichagua 8 ya usiku, ambayo kwa hesabu ya gemu ni 20:00, wakati saa nane yetu ya mchana ni 14:00. Waliotengeneza gemu hiyo wanahesabu saa kuanzia usiku wa manane na mchana wa jua la utosi. Sisi tunahesabu kuanzia kuchomoza na kuchwa kwa jua. Katika Gold, asubuhi ni kuanzia 4:00, mchana ni kuanzia 10:00, na usiku ni kuanzia 18:00 hadi alfajiri. Kwetu sisi tunaoishi karibu na ikweta mpangilio huo unafaa mno, kwani giza la gemu na giza la dirishani huingia kwa kukaribiana mwaka mzima.

Kurekebisha: gemu ikiwa kwenye ukurasa wake wa mwanzo, bonyeza kwa pamoja vitufe vya Chini, Select na B. Itakuuliza namba ya siri yenye tarakimu tano, ambayo hukokotolewa kutoka jina la mchezaji, namba yake ya utambulisho na fedha alizo nazo. Kwa hiyo hifadhi mchezo, andika fedha ulizo nazo, na usinunue kitu hadi umalize, maana ukinunua hata dawa moja namba inabadilika. Na mama wa kwenye gemu akikuuliza kama mnafuata saa za majira ya joto, mjibu hapana. Tanzania haisogezi saa.

*Nimebadilisha betri ya Pokémon Ruby, na ule ujumbe wa kwamba betri imekwisha umetoweka, lakini matunda niliyopanda hayakui. (Msomaji wa Kigamboni)*

Ruby ni ya kizazi kingine, cha Game Boy Advance, na betri yake ni ndogo, CR1616. Mchezo wenyewe umehifadhiwa kwenye kumbukumbu isiyohitaji umeme, ndiyo maana hukupoteza kitu. Kilichopotea ni tarehe. Betri ilipotoka, saa ilirudi 1 Januari 2000, wakati mchezo uliohifadhiwa unakumbuka siku ya mbali zaidi ya hapo. Kila ukiwasha, gemu inalinganisha tarehe hizo mbili, inakuta kwamba "sasa" ipo nyuma ya "jana", na haikubali kuyasogeza matunda. Ama usubiri saa ifikie siku ile, jambo linaloweza kuchukua miaka, ama uanze mchezo mpya, ama utumie kisomaji cha kaseti chenye uwezo wa kuiandika saa upya.

Tena, matoleo ya awali ya Ruby na pacha wake Sapphire yana kasoro ya kiwandani: baada ya takribani mwaka mmoja wa saa ya gemu, matunda husimama hata betri ikiwa mpya. Kasoro hiyo si ya betri na haiponi kwa betri, kwa hiyo usimruhusu mtu akuuzie ya pili.

*Nimenunua Pokémon Emerald Kariakoo, bado ndani ya boksi. Tangu siku ya kwanza inasema betri imekwisha. Nirudishe? (Msomaji wa Ilala)*

Rudisha leo. Huenda ni ya bandia, na za bandia mara nyingi hazina saa ya kutengeneza.

*Saa ya gemu yangu inapotea karibu dakika moja kila mwezi. Fundi amependekeza kubadilisha kristali. (Msomaji wa Mikocheni)*

Mwambie abaki na kristali yake. Kristali ya kawaida ya 32,768 inaruhusiwa kukosea sehemu 20 katika milioni, ambayo ni kama sekunde 1.7 kwa siku, na ukizidisha kwa siku thelathini unapata sekunde 51. Kifaa chako kinafanya kazi kama kilivyoundwa. Namba hiyo yenyewe haikuokotwa, kwani ukiigawa kwa mbili mara kumi na tano unabaki na moja, na moja hiyo ndiyo sekunde. Kristali hizi zimerekebishwa kwa joto la takribani nyuzi 25. Joto likizidi au likipungua sana, zinachelewa. Kwa hiyo acha kuisahau gemu juu ya dashibodi ya gari lililoegeshwa juani, ambako hata betri inateseka. Saa itakayobaki nyuma kwa dakika kumi kwa mwaka haimzuii mtu kuvuna matunda.

*Gemu yangu mpya ya mkononi inayotumia programu endeshi ya Linux inarudi 1/1/1970 saa 03:00 kila ikizimika kabisa. Nibadilishe betri gani? (Msomaji wa Mwenge)*

Huenda hakuna ya kubadilisha. Vifaa vingi vya bei nafuu vya namna hiyo havikuwekewa saa yenye betri yake, na Linux isiyojua tarehe huanza kuhesabu kutoka 1 Januari 1970. Ile 03:00 inanionyesha kwamba eneo la saa umeliweka sawasawa, kwa kuwa sisi tupo saa tatu mbele ya saa ya dunia. Kiunganishe na Wi-Fi ili kichukue saa kutoka mtandaoni, na usifungue gemu yenye saa kabla tarehe haijakaa sawa, la sivyo gemu itadhani umelala zaidi ya miaka hamsini.

*Betri nilizozitoa kwenye kaseti nimeziweka kwenye kisahani sebuleni. Je, zinaweza kuchajiwa? (Msomaji wa Temeke)*

Haziwezi. Betri za CR ni za matumizi ya mara moja, na ukiilazimisha inaweza kupasuka. Lakini kisahani hicho kimenitisha kuliko swali. Betri ya milimita 20 ikimezwa na mtoto inaweza kukwama kooni, na hata iliyokwisha nguvu za kuendesha saa inabaki na za kutosha kuunguza nyama ya koo ndani ya saa mbili. Zibandike tepu pande zote mbili sasa hivi, uzitie kwenye kopo lenye mfuniko wa kukaza, na kopo uliweke juu ya kabati. Kama idadi haitimii, au kama kuna mtoto anayetokwa na mate na kukataa kula, usingojee asubuhi: mpeleke hospitali na uwaambie kwamba huenda ni betri.