Msomaji anauliza: Farasi weupe wa Jerez

SWALI: Shikamoo dada. Mwezi ujao nitakuwa Sevilla, Hispania, kikazi, nasikia karibu na Jerez kuna shamba la farasi la zamani sana. Mtu wa kawaida anaruhusiwa kuingia au ni mpaka uwe mnunuzi?

JIBU: Marahaba mdogo wangu. Unaingia tu, ila kata tiketi mapema. Linaitwa Yeguada de la Cartuja, na wageni kwa kawaida wanapokewa Jumamosi asubuhi kwahiyo panga safari yako vizuri. Treni toka Sevilla mpaka Jerez ni kama saa moja hivi, halafu chukua teksi maana shamba liko nje ya mji.

Mbegu ya hawa farasi ilitunzwa na watawa Wakatoliki wa Cartuja, monasteri ya karibu na Jerez, wao walifukuzwa humo 1835 lakini farasi wakabaki kwa wafugaji wa pale pale, na mpaka leo wanapigwa chapa ya moto yenye umbo la lijamu, kile chuma anachovalishwa farasi mdomoni. Usishangae ukiona vitoto vyeusi au vya kahawia vinamfuata mama mweupe pee, wengi huzaliwa hivyo wanakuja kuwa weupe wakikua.

Mimi kilichonigusa ni majike waliofungwa pamoja shingoni, kengele zinalia, wanakimbia na kugeuka wote kwa mpigo kama mwili mmoja, jamani machozi yalinitoka! Kupanda hupandi, ni kuangalia tu. Vaa viatu vilivyofunika vidole, kuna vumbi, na usimshike farasi kabla hujamuuliza mhudumu.