Maswali ya Wasomaji: Ian Wright na Timu ya Taifa ya England

SWALI: Ndugu Mhariri, tulipokuwa tukizungumza na wenzangu juu ya washambuliaji wa zamani wa England, mmoja wetu alidai kwamba Ian Wright wa Arsenal alikaribia miaka 22 ndipo akaanza kucheza soka la kulipwa. Je, ni kweli? Na kama alikuwa hodari kiasi hicho, kwa nini aliichezea timu ya taifa mechi 33 tu, tena bila kushiriki fainali zozote za Kombe la Dunia?

JIBU: Mwenzako amesema kweli. Wright alizaliwa Woolwich, kusini-mashariki mwa London, Novemba 1963, na Crystal Palace ilimsajili Agosti 1985. Katika umri ambao vijana wengi wa huko huwa wameshalelewa kwa miaka kadhaa na klabu kubwa, yeye alikuwa akifanya kazi za ujenzi na kucheza mpira mwisho wa juma, hatimaye katika klabu ndogo ya Greenwich Borough. Alikuwa ameshajaribiwa Brighton na hakuchukuliwa. Aliyemfungulia mlango ni Steve Coppell, kocha wa Palace, aliyemwunganisha na Mark Bright katika safu ya ushambuliaji. Wawili hao wakaipandisha timu hadi Daraja la Kwanza mwaka 1989.

Mechi iliyomtambulisha kwa nchi nzima ni fainali ya Kombe la FA ya Mei 1990 dhidi ya Manchester United. Wright alikuwa amevunjika mguu msimu huo na ndio kwanza anapona, kwa hiyo alianzia benchi. Palace ilikuwa nyuma kwa mabao 2-1 alipoingizwa, na dakika chache baadaye akampita beki, akaingia ndani ya eneo la hatari na kusawazisha. Katika muda wa nyongeza akafunga tena, ikawa 3-2, kabla ya Mark Hughes kuiokoa United. Palace ikafungwa 1-0 katika mechi ya marudiano. Mwaka uliofuata, mwezi Septemba, Arsenal ilimnunua kwa pauni milioni 2.5, na msimu huo akawa mfungaji bora wa ligi kwa mabao 29, akimzidi Gary Lineker kwa bao moja baada ya kufunga matatu siku ya mwisho dhidi ya Southampton.

Hapo ndipo swali lako la pili linapopata uzito wake, kwa sababu kiangazi hicho hicho cha mwaka 1992 kocha Graham Taylor alimwacha nje ya kikosi kilichokwenda kwenye fainali za Mataifa ya Ulaya. Kwangu mimi hilo ni kosa lisilo na utetezi: mfungaji bora wa ligi alibaki nyumbani, na England ikafunga bao moja tu katika mechi tatu.

Hata hivyo, kosa la kocha mmoja halitoshi kueleza yote. Naamini kuchelewa kuanza hakukumpunguzia Wright chochote katika klabu, bali kulimgharimu katika timu ya taifa. Alipovaa jezi ya England kwa mara ya kwanza, dhidi ya Kamerun, Februari 1991, alikuwa na miaka 27. Lineker alikuwa bado ana nafasi yake, na alipoondoka, akapatikana Alan Shearer aliye mdogo kwa Wright kwa karibu miaka saba, wakifuatiwa na Les Ferdinand, Teddy Sheringham na Robbie Fowler. Mshambuliaji aliyeanza akiwa na miaka 19 angekuwa na muda wa kusubiri zamu yake. Wright hakuwa nao.

Kombe la Dunia la mwaka 1994 England haikufuzu kabisa, ingawa Wright alifunga mabao manne katika ushindi wa 7-1 dhidi ya San Marino, na kabla ya hapo aliipatia sare ya 1-1 huko Poland. Fainali za mwaka 1998 zilikuwa nafasi yake ya mwisho, na aliistahili. Oktoba 1997, mjini Rome, England ilipohitaji sare ili ifuzu, ndiye aliyeongoza mashambulizi. Mwishoni alimzunguka kipa wa Italia, Angelo Peruzzi, akapiga kutoka pembeni na mpira ukagonga mwamba. Matokeo yakawa 0-0, England ikafuzu. Lakini Mei 1998, katika mechi ya maandalizi dhidi ya Morocco, aliumia msuli wa paja na safari ya Ufaransa ikaishia hapo. Alistaafu mwaka 2000 akiwa Burnley.

SWALI: Ni lini Wright alivunja rekodi ya mabao ya Arsenal, na nani aliivunja ya kwake?

JIBU: Aliivunja tarehe 13 Septemba 1997 katika uwanja wa Highbury dhidi ya Bolton. Rekodi ya Cliff Bastin, mabao 178, ilikuwa imedumu tangu kabla ya Vita Kuu ya Pili ya Dunia. Wright alipofunga bao lake la kwanza siku hiyo aliinua jezi na kuonyesha fulana ya ndani yenye namba 179, ilhali bao hilo lilikuwa limemfikisha 178 tu. Haikumchukua muda kulipata la 179, akiwa karibu kabisa na mstari wa goli, kisha akaongeza la tatu katika ushindi wa 4-1. Aliondoka Arsenal mwaka 1998 akiwa na mabao 185 katika mechi 288, na rekodi hiyo ikavunjwa na Thierry Henry tarehe 18 Oktoba 2005, alipofunga mabao mawili dhidi ya Sparta Prague.